Mzee Aliyewaita Wanawe Halafu Akawakimbia

Kuna mzee mmoja mshairi anaitwa Ko Younghwan, yupo kwenye hoteli pembeni ya mto Han huko Korea Kusini, halipi hata mia maana mwenye hoteli ni shabiki wa mashairi yake na ndo alimwambia njoo ukae. Sasa mzee kaingiwa na hisia kwamba anakufa. Hamna ugonjwa unaotajwa, hamna daktari, yaani anahisi tu. Anawapigia simu watoto wake wawili wa kiume, watu wazima kabisa na maisha yao, waje wamuone, na wao bila kinyongo wanapanda gari wanakuja kwenye baridi lile. Hapo ndo inaanza Hotel by the River, muvi ya Hong Sangsoo ya mwaka 2018, na kama umekulia kwenye drama za Kikorea unajua tayari kinachofuata, mzee atalia, watoto watalia, itafichuka siri ya mtoto wa nje, piano itaingia taratibu na watakumbatiana kwenye theluji.

Hamna hata kimoja. Wanafika, wanakaa kwenye kafe ya hoteli, na baba hayupo.

Hiki kipande cha kutafutana ndo nataka nikae nacho kwanza maana naona watu wengi wanakipita haraka wakidhani ni kichekesho. Na kweli kinachekesha. Wanampigia simu, anasema nakuja. Wanasema basi sisi tupande juu chumbani, hataki, namba ya chumba hawatajii. Watoto wake wa kuwazaa! Halafu kumbe keshashuka, kakaa kona nyingine ya kafe hiyohiyo, wao huku yeye kule, kila mtu anamsubiri mwenzake na kahawa inapoa. Baadaye wakishakutana na kuongea kidogo anapotea tena, wanazunguka jengo zima na nje wanamtafuta, mpaka wanaanza kujiuliza labda mzee kaondoka zake.

Mimi kwa maoni yangu muvi yote ipo hapo. Tumezoeshwa kwamba mpweke ni mtu aliyeachwa, yuko dirishani na kikombe cha chai anaangalia barabara na simu haiiti. Younghwan simu kapiga mwenyewe, na walioitwa wamekuja siku hiyohiyo bila hata kumsumbua na maswali. Kinachobaki ni hatua kumi na tano za kutoka kiti kimoja kwenda kingine na hizo ndo anazishindwa. Upweke wake haukumwangukia, anaulinda, anaufanyia bidii kama vile akiulegeza kidogo tu kuna kitu kitaingia. Na kitu chenyewe tunakijua, ni swali. Kuaga watoto uliowaacha wakiwa wadogo maana yake lazima ufike kwenye lile swali la kwa nini uliondoka, hamna njia ya pembeni, kwa hiyo anarefusha kila kilicho kabla ya swali, anasinzia, anatoka nje kuangalia theluji, anarudi chumbani mara kuna kitu kasahau. Anataka kuwaona watoto ila hataki watoto wamuone.

Hiyo theluji nayo inabidi tuiongelee. Majira ya baridi ya Korea siyo kama ile baridi yetu ya Julai unayovaa sweta asubuhi saa nne ukalivua, ni upepo mkavu unaoshuka kutoka Siberia na Januari huko Seoul wastani wa joto uko chini ya sifuri, mito inaganda. Tamthilia zao ziliichukua hali hiyo zikaifanya ya mapenzi, Winter Sonata ya mwaka 2002 ndo iliyofungua njia, watalii wakawa wanamiminika kisiwa cha Nami kupiga picha pale wapenzi walipotembea kwenye theluji. Tangu hapo theluji kwenye drama ya Kikorea ni kama tangazo kwamba jiandaeni, hisia zinakuja. Hong anaipiga muvi yake nyeusi na nyeupe, theluji inadondoka watu wakiwa wamelala usingizi wa mchana, wakiamka kila kitu ni cheupe, mto, miti, magari, na hamna aliyeiona ikidondoka. Kwa jinsi alivyoipiga, kile cheupe kinafuta mpaka mstari kati ya ukingo na mto, wahusika wanaonekana vidoti vyeusi kwenye karatasi. Ni nzuri mno, nakubali, lakini pia ni katili kidogo, maana wanapewa uzuri wa bure ambao hawajui waufanyie nini.

Wanaolala mchana ni wanawake wawili waliopo chumba kingine. Sanghee, ambaye Kim Minhee ndo kamcheza, kaja hotelini na mkono umeungua umefungwa bendeji na moyo ndo usiseme, mwanaume aliyekuwa anaishi naye kamtenda. Rafiki yake Yeonju kaja kumliwaza. Wanachofanya hawa wawili kwa karibu muvi nzima ni kulala, kuamka, kunywa kahawa, kuongea kidogo, kulala tena. Kuna watu wamelalamika kwamba sehemu zao hazina stori. Mimi naona kinyume, hawa ndo kipimo. Yeonju kumliwaza mwenzake hakuhitaji hotuba, kapanda kitandani kalala pembeni yake, basi. Vyumba vichache kutoka hapo kuna baba na watoto wenye maneno kibao, mshairi na mwanaye mwongozaji wa filamu, watu ambao maneno ndo chakula chao, na wameshindwa kukaa meza moja dakika ishirini bila mmoja kutafuta pa kutokea.

Halafu mzee anawaona wale wanawake wamesimama nje kwenye theluji na anawaendea kuwaambia ni wazuri. Anarudia. Wazuri sana, kweli kabisa, asanteni. Mara ya kwanza unacheka, mara ya tatu unaanza kukunja uso maana mzee wa watu anawasumbua kina dada, na wao wanashukuru kwa adabu ile ya kutaka aondoke ila hawataki kumvunjia heshima, mshairi maarufu bwana. Ila ukiendelea kumwangalia unagundua kitu kinachouma zaidi. Huyu siyo mtu asiyejua kusema maneno mazuri. Anayajua, anayo mengi, na anayamwaga kwa watu ambao hawamdai chochote. Kwa mgeni neno zuri linabaki neno zuri, kwa mtoto uliyemkimbia neno zuri ni malipo ya awali ya deni, na ukishalipa kidogo umekubali kwamba unadaiwa. Ndo maana wageni wanapewa "asanteni kwa kuwa wazuri" na watoto wanapewa midoli.

Ndiyo, midoli. Yale ya manyoya ya watoto wadogo. Mzee anapanda chumbani kuchukua zawadi, anarudi na midoli, kila mtoto wake. Wanaume wazima, mmoja anafilisika kihisia na mwingine anatambulika na watu kwa kazi yake ya filamu, wameshika midoli mezani hawajui waiweke wapi. Ki Joobong anayemcheza mzee hapa alikuwa moto, na si bahati mbaya kwamba tamasha la Locarno kule Uswisi lilimpa tuzo ya mwigizaji bora wa kiume mwaka huohuo 2018. Angalia anavyotoa ile zawadi, hana aibu, hana utani, anatoa kama mtu aliyebaki kwenye mwaka ule alioondoka nyumbani. Kwake watoto hawajakua maana hakuwepo wakikua. Sijawahi kuona majuto yakiigizwa kwa gharama ndogo namna hii, hamna chozi, hamna magoti, mdoli tu.

Anawaelezea pia alivyowapa majina yao, alivyofikiria, kila jina lina kusudio lake. Wanasikiliza kwa heshima. Na hapo nilisikia hasira kidogo kwa niaba yao, maana huyu baba kazi ya kuwapa jina aliifanya vizuri sana, hiyo haina ubishi, ni zile nyingine zote zilizofuata baada ya jina.

Sasa tuje kwenye kosa lenyewe. Mzee alimwacha mke kwa ajili ya mwanamke mwingine na huyo mwingine naye hakudumu. Mama wa watoto hajasamehe, na watoto wanamfikishia baba maoni ya mama bila kuyapaka sukari, kwamba kwa mama huyu ni zimwi lisilo na hata chembe ya ubinadamu. Wanaisema mbele yake, mezani, karibu kama wanampa habari za nyumbani. Mzee naye msimamo wake ni kwamba huwezi kuendelea kuishi na mtu kwa sababu tu unamwonea huruma, huwezi kukaa kwenye ndoa kwa kujisikia vibaya. Kwa hiyo jumla yake ni nini, anajuta au hajuti? Jibu langu ni kwamba anajuta kilichowapata watoto na hajuti alichofanya, na anajua hivyo viwili haviwezi kutenganishwa, na huko katikati ndo anakoishi.

Hapa huwezi kukwepa kuzungumzia maisha ya Hong mwenyewe japo kuna wachambuzi wanajifanya hawayaoni. Korea Kusini kulikuwa na sheria ya mwaka 1953 iliyofanya uzinzi kuwa jinai, unaweza kwenda jela mpaka miaka miwili, na Mahakama ya Katiba iliifuta Februari 2015. Kufutwa kwa sheria hakukufuta hasira za watu. Mwaka 2016 habari zilivuja kwamba Hong, mtu mwenye mke, ana uhusiano na Kim Minhee, staa mkubwa aliyekuwa ametoka kung'ara kwenye muvi ya The Handmaiden, na ilikuwa balaa, magazeti, mitandao, kila mtu ana neno. Februari 2017 Kim akachukua tuzo ya mwigizaji bora wa kike kwenye tamasha la filamu la Berlin kwa muvi nyingine ya Hong, na mwezi uliofuata wote wawili wakakaa mbele ya waandishi wa habari wakasema ndiyo tunapendana. Hong alikuwa ameshafungua kesi ya talaka. Mahakama za huko kwa kawaida hazimpi talaka mwenye kosa kama mwenzake hataki, na Juni 2019 ikatoka hukumu, ombi limekataliwa. Piga hesabu basi, hii muvi inapigwa mwanzoni mwa 2018, kesi bado ipo mahakamani, mpenzi wake ndo anacheza mwanamke aliyetendwa, na mhusika mkuu ni msanii mzee aliyeiacha familia akisema huruma haitoshi kubakiza ndoa. Mtu anayesema hiyo ni bahati tu ana roho safi kunizidi.

Wapo waliosema hii ni muvi ya kujitetea. Sidhani, maana mtu anayejitetea hujipa mwisho mzuri kidogo, au basi hupata angalau mhusika mmoja wa kumwambia nimekuelewa baba. Hong hajajipa. Kaangalia mbele miaka ishirini akajichora mzee anayelala kwa hisani ya shabiki, na hata hiyo hisani inachacha, mwenye hoteli keshaanza kumchoka na mzee inabidi afikirie kuondoka. Mtoto wa pili, Byungsoo, ni mwongozaji wa filamu, na wale wanawake wakimjadili wanamkwangua vizuri tu kuhusu aina ya muvi anazofanya, yaani Hong anajipiga kofi kwa mkono wa mpenzi wake. Ila na mimi siendi mpaka kusema ni toba. Ni mtu anayesema najua itakavyoisha, na bado naenda.

Kwa jinsi inavyotengenezwa pia inasaidia. Hong ana tabia inayojulikana, skripti anaiandika asubuhi ya siku ya kupiga, waigizaji wanapewa karatasi, wanakariri, wanaanza. Timu ndogo, siku chache, pesa kidogo. Ndo maana mazungumzo yana zile kwikwi za watu halisi, mtu anasema kitu mara mbili, anauliza kilichoshajibiwa, anasifia kahawa. Kawaida kamera yake huwa imetulia kwenye stendi halafu ghafla inavuta karibu, safari hii wameishika mikononi na inatikisika kiasi, inafuata watu kwenye korido kama vile nayo inamtafuta mzee. Watu wa kuangalia huku wanachati mtaichukia. Ni dakika tisini na kitu na unaweza kuziona kama saa tatu nzima.

Kuna jambo moja linalonifanya nisiichukulie hii kama stori ya wasanii tu na matatizo yao ya wasanii. Wakorea wana neno godoksa, mtu anakufa peke yake ametengana na ndugu na anakuja kugundulika baada ya muda, na tatizo limekuwa kubwa kiasi kwamba walitunga sheria maalumu ya kulizuia iliyoanza kufanya kazi Aprili 2021. Serikali ilihesabu vifo vya hivyo 3,378 mwaka 2021, na 2023 vikafika 3,661. Zaidi ya theluthi ya kaya za nchi ile sasa hivi ni za mtu mmoja. Na walio wengi kwenye hivyo vifo ni wanaume, siyo vikongwe sana kama unavyodhani, kundi linaloongoza ni la miaka ya 50 na 60, walioachika, waliopoteza kazi, waliogombana na watoto. Serikali inapeleka watu wa kugonga milango, kampuni zinapeleka maziwa ili yakirundikana mlangoni mtu ajue kuna shida, na ni mambo mazuri. Younghwan lakini asingeingia kwenye takwimu yoyote. Ana watoto, wamekuja, wapo ghorofa ya chini wanauliza mapokezi. Mlango ungegongwa na asingetaja namba.

Na ukimwangalia mtoto mkubwa, Kyungsoo, unaona hiyo tabia inavyorithishwa. Kaachana na mke wake na baba hajui. Baba akimuuliza habari za mke anajibu kana kwamba wapo salama, na mdogo wake amekaa pembeni anajua ukweli na kanyamaza. Kwanza unadhani anamlinda mzee asiumie. Nilipoiangalia tena nikaona hapana, anajilinda yeye, maana akisema nimeachika atakuwa amekaa meza moja na baba yake kwa maana zote mbili. Miaka yote kamlaumu mzee kwa kuvunja nyumba, leo aseme na yangu imevunjika? Bora uongo. Basi wote watatu wapo pale, baba anaficha chumba, kaka anaficha talaka, na mdogo anaficha siri ya kaka, halafu wanaambiana chakula kitamu.

Usiku wanakula na kunywa makgeolli, pombe ya mchele ya Kikorea, kwenye mgahawa, wale wanawake wapo meza nyingine, na mzee kwa mara nyingine anawakwepa wanawe anabaki na wageni, anawasomea shairi. Shairi zima, kwa sauti, kwa watu aliowafahamu mchana huohuo. Wanawe ambao wameendesha gari kuja kusikia chochote hawamo mgahawani. Ambaye hajaiona nimeshamharibia sana hapa, lakini kwa kweli mwisho wake unaujua tangu dakika ya tano, mzee hakukosea kuhusu kifo chake, na watoto wanapokuja kukijua chumba cha baba yao wanakijua kwa sababu hiyo.

Ninacholaumu, na hapa sitakuwa mpole, ni mama. Hayumo. Tunamsikia kupitia midomo ya wanaume watatu, ndo yeye anayesema zimwi, ndo yeye aliyelea watoto wawili ambao pamoja na yote walitoka wenye heshima ya kutosha kumfuata baba aliyewaacha siku aliyowahitaji, na muvi haimpi hata simu moja. Mzee kapewa theluji, kapewa mto, kapewa warembo wawili wa kumsikiliza shairi la mwisho na kifo kwenye hoteli ya bure. Aliyebaki na ada za shule kapewa tusi moja la kukumbukwa nalo. Kim Minhee na Song Seonmi, anayemcheza Yeonju, wanajitahidi kubeba upande wa walioachwa, ule mkono ulioungua unasema mengi, lakini Sanghee ni kijana, jeraha lake ni la juzi na ana rafiki kitandani. Mwanamke wa miaka sitini na kitu ambaye hasira yake imedumu muda mrefu kuliko ndoa yenyewe ni muvi nyingine kabisa, ngumu kuliko hii, na Hong ambaye huwa anatoa muvi karibu kila mwaka, wakati mwingine mbili, hawezi kusema hakupata nafasi ya kuitengeneza.